Ungamo Lililoanzia Gahini

Neno "mlokole" tumelizoea kiasi kwamba wachache wanakumbuka lilikotoka. Kijana akiacha pombe na kuanza kutembea na Biblia kwapani, mtaani ataitwa mlokole, awe Mbeya, Nakuru au Mwanza. Asili yake ni Kiganda, omulokole, aliyeokoka, na miaka ya 1930 lilipoanza kuvuma halikuwa sifa. Lilikuwa jina la kuwakebehi watu waliosimama kanisani na kuzitaja dhambi zao moja moja, kisha wakawataka na wengine wafanye vivyo hivyo, mchungaji na mmisionari wakiwemo.

Habari ya uamsho wao inaanzia kwenye kilima cha Namirembe, Kampala, Septemba 1929. Daktari Joe Church, Mwingereza aliyesoma Cambridge, alikuwa amefika hapo akitokea Gahini, mashariki mwa Rwanda, kando ya ziwa Muhazi, ambako misheni yake ya Kianglikana ilikuwa na hospitali changa. Njaa kali ilikuwa imeipiga sehemu ile ya nchi, na daktari alikuwa amechoka mwili na moyo. Nje ya kanisa kuu alimkuta Simeoni Nsibambi, Mganda wa ukoo wa kichifu na mtumishi wa idara ya afya ya serikali, amesimama kando ya pikipiki yake. Nsibambi naye alikuwa na kiu ileile. Kwa siku mbili waliketi na Biblia wakifuatilia inachofundisha juu ya Roho Mtakatifu, wakaomba pamoja, wakaagana. Baadaye Nsibambi aliacha kazi ya serikali akawa mhubiri. Ukikumbuka jinsi mzungu na Mwafrika walivyokaa enzi zile za ukoloni, mmoja kwenye kiti na mwingine mlangoni, utaona kwamba kuketi kwao pamoja, wote wawili wakiwa wahitaji, kulikuwa tayari ni nusu ya mahubiri yaliyofuata.

Mahubiri hayo yalifika Gahini kupitia watu zaidi ya kupitia vitabu. Blasio Kigozi, mdogo wake Nsibambi, alikwenda huko kufundisha. Yosiya Kinuka, mtu wa Ankole, alikuwa msaidizi wa hospitali mwenye manung'uniko mengi, na hali ya hospitali ilikuwa mbaya: ugomvi, wizi, kila mtu na kundi lake. Alipokwenda Kampala kumwona Nsibambi na kumweleza matatizo ya Gahini, alijibiwa kwamba kasoro ya hospitali ile ilikuwa dhambi iliyokuwa moyoni mwake yeye mwenyewe. Njiani akirudi, Kinuka alikubali. Alifika kazini akiwa mtu mwingine, na waliomjua zamani ndio walioshangaa zaidi. Mwishoni mwa mkutano wa Gahini wa Desemba 1933, watu walipodhani sala imekwisha, mmoja alisimama akaungama, akafuata wa pili, wa tatu, ikawa hivyo kwa muda wa saa mbili na nusu.

Hapa inafaa kueleza walichoamini, maana bila hicho tutaona machozi tu. Joe Church alikuwa amelelewa katika mapokeo ya Keswick, mji mdogo wa kaskazini mwa Uingereza ambako tangu 1875 Wakristo wa Kiinjili walikutana kila mwaka kutafuta utakatifu wa maisha. Neno "Kiinjili" lisituchanganye. Katika jina la Kanisa la Kiinjili la Kilutheri Tanzania lina mizizi ya Kijerumani, na maana yake ya kale ni kanisa la matengenezo ya Luther. Watu wa Keswick walikuwa Wainjili kwa maana nyingine: Biblia ni neno la mwisho, kila mtu lazima aongoke mwenyewe, na Msalaba ndio kiini cha yote. Gahini iliyachukua hayo na kuyapa mwili wa hapa kwetu. Damu ya Yesu ilikuwa jambo linaloeleweka mara moja kwa watu waliojua kuchanjana udugu. Na kutoka waraka wa kwanza wa Yohana wakaokota lugha yao ya kila siku: kutembea nuruni. Jambo lililofichwa likiwekwa nuruni, damu husafisha. Likibaki gizani, humla mtu. Aliyekubali kosa lake bila kujitetea walisema amevunjika. Walisalimiana kwa kumsifu Bwana, wakaitana ndugu, na wimbo wao wa Kiganda, Tukutendereza Yesu, ukavuka mipaka bila kutafsiriwa.

Toba yao haikuishia mdomoni. Aliyeiba shuka la hospitali alilirudisha. Aliyedhulumu ng'ombe alimswaga hadi boma la mwenyewe mchana kweupe. Wanaume waliokula peke yao tangu utoto walianza kula meza moja na wake zao, jambo lililowakasirisha wazee kuliko mahubiri yote. Wanawake walisimama kutoa ushuhuda mbele ya wanaume, hawakungoja cheo wala ruhusa. Na wamisionari, baadhi yao kwa shida kubwa, walijifunza kumwomba radhi mpishi au mwuguzi kwa hasira na kiburi cha rangi. Sijui kama kulikuwa na mahali pengine katika Afrika ya kikoloni ambapo Mwafrika aliweza kumwambia mzungu, kwa upole na mbele za watu, "Ndugu, una kiburi," na mzungu akalazimika na imani yake mwenyewe kulifikiria neno hilo.

Kigozi hakuishi kuona matunda. Januari 1936, akiwa Uganda kujiandaa kuuliza mbele ya sinodi kwa nini kanisa limepoa, alishikwa na homa akafa. Swali lake liliendelea bila yeye, na mahali lilipouma zaidi ni Mukono.

Mukono kulikuwa na chuo cha theolojia cha Askofu Tucker, mahali pa kuandaliwa wachungaji wa Uganda nzima. Mwaka 1941 palikuwa na wanafunzi walokole, na kati yao William Nagenda, shemeji yake Nsibambi, msomi mwenye ulimi mkali. Waliamka alfajiri gizani kuomba na kuhubiri. Walisema wazi kwamba chuoni kuna wizi na uzinzi, na kwamba mafundisho mengine ya darasani yanamshusha Kristo na kulichezea Neno. Mkuu wa chuo akakataza mikutano ya alfajiri, akakataza kuhubiri. Wakamjibu kwamba hawawezi kutii amri hiyo. Mwezi wa Oktoba wanafunzi 26 walifukuzwa, na Nagenda hakupata kuwekewa mikono ya uchungaji maishani mwake.

Nimesoma habari hii mara nyingi na kila mara naona pande zote mbili. Mkuu wa chuo hakuwa mtu mbaya, na kuishi na vijana waliojiona wao tu ndio walioamka si kazi nyepesi. Lakini aliamua kwamba utaratibu wa kanisa ni mkubwa kuliko dhamiri iliyoamshwa, na hapo ndipo alipokosea. Cha kushangaza ni walichofanya waliofukuzwa: hawakuanzisha kanisa lao. Walirudi vijijini wakaendelea kusali katika makanisa yaleyale yaliyowatema, wakifanya ushirika wao chini ya miti na nyumbani kwa watu. Sehemu nyingine mambo yalikwenda tofauti. Kwa Wajaluo wa Kenya ugomvi ndani ya uamsho ulizaa kanisa jipya miaka ya 1950. Lakini kwa jumla ndugu walibaki, na kwa sababu walibaki, baada ya miaka thelathini maaskofu wengi wa Afrika Mashariki walikuwa watu waliotoka kwenye ushirika huo.

Bukoba uamsho ulifika mwishoni mwa miaka ya 1930, vikundi vya wahubiri vikitokea Rwanda na Uganda, ukaingia hata kwa Walutheri ambao hawakuwa na uhusiano wowote na Keswick. Josiah Kibira, Mhaya na mtu wa uamsho, aliandika kitabu juu ya kanisa na ukoo kilichotoka 1974. Alikuwa ameona jambo ambalo wageni hawakuliona upesi: ushirika wa ndugu ulikuwa umegeuka kuwa ukoo mpya, wenye kuzikana, kuoana, kulea yatima na kumwita mbele aliyepotoka. Mwaka 1977 mkutano wa Walutheri wa dunia ulipofanyika Dar es Salaam, Kibira alichaguliwa rais wa shirikisho lao, Mwafrika wa kwanza.

Ukoo mpya ulijaribiwa kwanza Kenya. Hali ya hatari ilipotangazwa Oktoba 1952, ndugu wa Kikuyu walijikuta kati ya mawe mawili. Walikataa kiapo cha Mau Mau wakisema kwamba wamekwisha kunywa damu ya Yesu na hawawezi kuchanganya na nyingine. Serikali ilipowapa bunduki wajiunge na walinzi wa vijiji, wengi wao walikataa pia, maana wapiganaji wa msituni ni watu ambao Kristo aliwafia. Wako waliouawa kwa kukataa kule kwa kwanza, na wako walioshukiwa na serikali kwa kukataa kule kwa pili. Ushujaa wao siuwekei shaka. Hata hivyo, yule ndugu wa kizungu aliyeungama kiburi chake kwenye ushirika alirudi jioni kwenye shamba ambalo kabla ya kuja wenzake lilikuwa la watu wengine. Kiburi kiliwekwa nuruni. Hati ya ardhi ilibaki sandukuni.

Kuna waliolipeleka ungamo mbele zaidi. Janani Luwum, Mwacholi aliyeokoka Januari 1948 na kuwa askofu mkuu wa Uganda mwaka 1974, angeweza kunyamaza. Februari 1977, baada ya askari kuipekua nyumba yake usiku, yeye na maaskofu wenzake walimwandikia Idi Amin barua wakitaja mauaji na uonevu wa vyombo vyake. Tarehe 16 mwezi huohuo aliuawa pamoja na mawaziri wawili, na serikali ikasema ni ajali ya gari. Askofu Festo Kivengere wa Kigezi, ambaye wazee wa Dodoma walimjua kama mwalimu wa shule, alivuka milima kwa miguu na mkewe usiku hadi Rwanda. Mwaka huohuo alitoa kitabu ambacho jina lake linasema kwamba anampenda Idi Amin. Wengi hawakulielewa jina lile, lakini ni la Gahini kabisa: adui atajwe dhambi yake bila kuficha, kisha asamehewe.

Rwanda yenyewe ndiyo inayouma. Katika miaka ileile ya 1933 na 1934, watu walipokuwa wanaungama Gahini, Wabelgiji walikuwa wanahesabu watu na kuwagawia vipande vilivyoandikwa Mhutu, Mtutsi au Mtwa. Ndugu hawakukaa kimya kuhusu chuki. Wahutu na Watutsi waliungamiana katika ushirika, na wapo waliofichana kwa hatari ya maisha yao. Januari 1964 mchungaji Yona Kanamuzeyi wa Nyamata, aliyekuwa akiwatunza Watutsi waliofukuzwa makwao, alichukuliwa usiku na askari hadi daraja la mto Nyabarongo. Aliomba, akaimba, akapigwa risasi na kutupwa mtoni. Mwenzake aliyeachwa hai ndiye aliyesimulia.

Lakini kipande hakuna aliyekiungama, kwa sababu hakikuwa dhambi ya mtu mmoja. Mtu alisema "nilimchukia jirani yangu." Nani angesema "tuliwapanga watu kwa matabaka shuleni na kanisani"? Lugha ya uamsho ilikuwa na nafsi ya kwanza umoja tu. Mauaji ya kimbari yalipoanza Aprili 1994, viongozi wakuu wa kanisa la Anglikana walikuwa karibu mno na serikali wasiweze kuikemea. Askofu mmoja wao alishtakiwa kwenye mahakama ya kimataifa ya Arusha, akakana, akafa mwaka 2003 kabla ya kuhukumiwa. Maji ya Nyabarongo huingia Akagera, na Akagera huingia ziwa Victoria. Mwaka ule maiti zilishuka na mto zikapita Rusumo hadi ziwani, na huko Kasensero, upande wa Uganda, wavuvi walizivua na kuzizika. Zilielekea upande uleule walikoelekea wahubiri wa Gahini zaidi ya miaka hamsini nyuma.

Desemba 1996 kundi la Wakristo wa Rwanda, Wahutu na Watutsi, lilikutana na Wazungu wachache katika mji wa Detmold, Ujerumani. Wahutu wakaungama mauaji ya kimbari yaliyofanywa kwa jina la kabila lao. Watutsi wakaomba msamaha kwa visasi na kwa dharau za zamani. Wazungu wakaungama kwamba walijiona bora na kwamba waliwaacha Wanyarwanda peke yao saa ya kuchinjwa. Waliandika kwa nafsi ya kwanza wingi. Waliporudi walilaumiwa kutoka pande zote: mtu asiyeua ataungamaje kwa ajili ya aliyeua, na aliyefiwa ataombaje msamaha? Wengine walisema hawakumtuma mtu yeyote awasemee. Baadhi ya waliotia saini walikuwa wamezika karibu jamaa zao wote.