Wahanga wa Uhalifu katika Filamu: Mafunzo ya Kasese na Bwera

Filamu za uhalifu wa kweli husimulia mauaji au utekaji uliotokea, kwa mahojiano, picha za kumbukumbu na mara nyingine maigizo. Aliyeuawa hawezi kukubali wala kukataa kuonyeshwa. Wilaya ya Kasese, magharibi mwa Uganda, ina matukio mawili yanayolipima suala hili kwa namna tofauti.

Usiku wa 16 Juni 2023, wapiganaji wa kundi la waasi la ADF walivamia Shule ya Sekondari ya Lhubiriha huko Mpondwe, jirani na Bwera. Waliuawa watu zaidi ya 40, wengi wao wanafunzi: wavulana waliteketezwa bwenini, wasichana walikatwa mapanga. Miili mingine iliungua kiasi kwamba haikutambulika bila vipimo vya vinasaba. Mzazi anayesubiri majibu ya maabara hapaswi kukutana kwanza na picha ya bweni lile kwenye simu ya jirani. Filamu inayotazamwa London kama habari ya watu wa mbali, huko Karusandara, wilayani Kasese, hutazamwa na watu wenye ndugu Bwera.

Ridhaa nayo ina wakati wake. Mama aliyehojiwa nje ya chumba cha maiti aulizwe tena miezi kadhaa baadaye, kwa Lhukonzo kama ndiyo lugha yake, aelezwe filamu itaonyeshwa wapi, na aruhusiwe kujitoa. Kwa manusura, hili ni suala la usalama pia, maana ADF wameendelea kuua ng'ambo ya mpaka, upande wa Beni nchini Kongo. Kuficha uso wa kijana huku kijiji chake kikitajwa na sauti yake ikiachwa ilivyo hakumlindi. Watu wa kwao watamjua kabla hajamaliza sentensi.

Kuigiza vilio vya bwenini ni ukatili. Hakumwongezei mtazamaji ufahamu wowote.

Lakini staha isigeuzwe kisingizio cha kunyamaza. Tarehe 26 na 27 Novemba 2016 kulitokea mapigano mjini Kasese, kisha vikosi vya serikali vikashambulia kasri la mfalme wa Rwenzururu. Human Rights Watch ilisema waliouawa walizidi 150, wakiwemo polisi wasiopungua 14. Mwandishi wa habari Joy Doreen Biira alikamatwa baada ya kusambaza picha za tukio. Mashtaka dhidi yake yalifutwa mwaka 2017. Hapo picha zilikuwa ushahidi, na kuzifungia kungewafaa waliofyatua risasi. Basi mtayarishaji ajiulize: je, picha hii inathibitisha jambo linalokanushwa? Kama ndiyo, nakala kamili iwafikie wachunguzi, na watazamaji waone kile tu kinachothibitisha, nyuso zikiwa zimefichwa. Kama sivyo, aiondoe.

Na kabla filamu haijauzwa popote, familia zioneshwe kwanza, wakati bado inawezekana kukata kipande.