Sakagwa: Kitabu Kitupu cha Abagusii

Uhakiki wa fasihi umezoea kuanza na kitabu. Mwalimu hufungua ukurasa, mtahiniwa hupigia dondoo mstari, na jibu husimama juu ya maneno ambayo wote wawili wanayaona. Je, mhakiki afanyeje anapokabiliwa na matini ambayo kurasa zake ni tupu, ilhali athari yake imejaza majalada ya serikali? Makala haya yanaangazia matini ya aina hiyo: utabiri wa Sakagwa (baadhi ya waandishi humwita Sakawa), nabii wa Abagusii aliyetoweka mwaka 1902 hivi.

Sakagwa hakuandika lolote. Wala Ekegusii haikuwa na kitabu cha kuchapishwa wakati huo. Agano Jipya katika lugha hiyo lilitoka mwaka 1948, na Biblia nzima mwaka 1988. Tulicho nacho ni masimulizi. Husimuliwa kwamba alitabiri kuja kwa Wazungu na kunyang'anywa silaha kwa vijana. Kwamba huko Getembe, ulipo mji wa Kisii leo, alionyesha mahali zitakaposimama ofisi ya serikali, kambi ya polisi na hospitali. Na kwamba mwishowe wageni hao wangeondoka. Wengi hawakukubali kuwa amekufa. Walisema angerudi.

Mhakiki makini atatambua tatizo mara moja. Sehemu inayosifiwa zaidi, yaani ile ya majengo, tumeipokea kutoka kwa watu ambao tayari waliyaona majengo hayo. Waingereza walifungua kituo chao Kisii mwaka 1907, na hatuna nakala ya utabiri iliyotangulia mwaka huo ili tuilinganishe. Anayetaka kuuthibitisha unabii atatoka mikono mitupu. Anayetaka kujua watu waliufanyia nini, huyo ana kazi kubwa mbele yake.

Tazama yaliyotokea. Mwaka 1905 na tena mwaka 1908, baada ya Otenyo kumchoma mkuki mtawala Northcote, Abagusii walishambuliwa na majeshi ya Waingereza. Mwaka 1913 Onyango Dunde wa Alego alitangaza imani ya Mumbo, akisimulia kwamba joka kubwa la ziwani lilimmeza na kumtapika. Imani hiyo ilifika Gusii ikiwa na ahadi kwamba Wazungu wangetoweka. Septemba 1914 Wajerumani waliingia Kisii na maafisa wa Kiingereza wakaondoka. Nani angelaumiwa kwa kudhani ahadi imetimia? Wenyeji walipora mji na misheni. Siku chache hazikupita kabla ya Waingereza kurejea, na adhabu iliyofuata ililipwa kwa ng'ombe na kwa nyumba zilizochomwa. Kitabu kitupu kinaweza kumgharimu msomaji wake zizi zima.

Hata hivyo, hakikufungwa. Jina la Sakagwa lilichanganyika na la Mumbo, na kurudi kwake kukangojewa. Serikali iliwahamishia viongozi kadhaa Lamu mwaka 1921, na mwaka 1954 ikaipiga marufuku imani hiyo. Kinaya ni kwamba wenye hofu ndio waliogeuka kuwa waandishi. Maafisa waliotaka kuyanyamazisha maneno haya ndio walioyatia kwenye karatasi, wakayaita fitina na ushirikina. Kisha wakaja wasomi. Ogot na Ochieng', katika makala yao ya mwaka 1972, waliiita Mumbo harakati ya kupinga ukoloni. Audrey Wipper akaichunguza katika Rural Rebels (1977). Kwa maoni yangu wasomi hawa wako karibu zaidi na ukweli kuliko maafisa, ingawa nao walikuwa na haja yao: nchi changa ilitafuta mashujaa.

Wanadharia wa upokezi, Wolfgang Iser akiwa mmojawapo, hutufunza kwamba matini ina mapengo ambayo msomaji huyajaza. Lakini mapengo ya Iser yamezungukwa na maneno yaliyokwisha kuandikwa. Hapa pengo ndilo matini, na anayelijaza ni fanani pamoja na hadhira yake.

Jambo hili linamhusu moja kwa moja mwalimu wa Kisii au Nyamira anayewatuma wanafunzi nyanjani kukusanya fasihi simulizi. Wazee wanaosimulia wanapungua. Mwanafunzi naye, akijua kuwa atasahihishwa, huelekea kuleta lile toleo analodhani mwalimu analitaka. Asiandike tu "Sakagwa alisema". Aandike ni nani aliyesimulia, lini, wapi, alisikia kwa nani, na waliokuwapo waliitikiaje. Matoleo mawili yanayopingana yabaki yote mawili daftarini. Na akirudi na toleo ambamo Sakagwa alitabiri simu za mkononi, mwalimu asilipigie mkasi. Amuulize msimulizi huyo ana umri gani, na siku hiyo alikuwa akizungumza na nani.