Ulimi Uliokatwa na Wimbo wa Usiku

Msomaji wa tamthilia na mashairi ya Kiingereza hukutana mara kwa mara na naitingeli, ndege mdogo wa rangi ya kahawia ambaye hujificha vichakani na kuimba usiku. Ndiye yule ambaye washairi wa Uajemi walimwita bulbuli na kumfanya mpenzi wa waridi. Kwa Waingereza wa zama za Malkia Elizabeth wa Kwanza wimbo wake ulibeba kisa kingine, nacho kilitoka Roma.

Kisa hicho kimo katika Metamorphoses, utenzi ambao Ovid aliukamilisha mnamo mwaka wa 8 BK. Tereus, mfalme wa Thrace, alimnajisi Philomela, dada wa mkewe, kisha akamkata ulimi asije akasema. Philomela akafuma kitambaa kilichoeleza yaliyomfika, akampelekea dada yake. Wawili hao wakalipiza kisasi cha kutisha, na mwishowe wote watatu wakageuka ndege. Washairi waliofuata wakashika kwamba Philomela ndiye naitingeli: mwanamke aliyenyang'anywa ulimi akapewa sauti ipitayo zote.

Shakespeare alikijua vyema kisa hiki. Katika Titus Andronicus, tamthilia iliyochapishwa mwaka 1594, vijana wawili wanamnajisi Lavinia na kumkata ulimi. Wanamkata na mikono pia, ili asiweze kufuma kama Philomela. Ami yake, Marcus, akimtazama, anaikumbuka mikono ile ilivyokuwa ikitetemeka juu ya nyuzi za ala, na ulimi ule uliokuwa kama ndege mwenye sauti tamu ndani ya tundu lake. Ndege na muziki hapa ni kipimo cha kilichoharibiwa. Lavinia hana budi kukifunua kitabu chenyewe cha Ovid jukwaani kwa vigutu vya mikono yake, kisha kushika fimbo mdomoni na kuandika mchangani majina ya waliomdhulumu.

Mwaka huo huo wa 1594 ulichapishwa utenzi wake juu ya Lucrece, mwanamke wa Kirumi aliyenajisiwa na Tarquin, mwana wa mfalme. Lucrece anamwita Philomela waimbe pamoja. Yeye atashika sauti ya chini, akivuma jina la Tarquin kama kibwagizo kisichokoma, na ndege atapanda na sauti ya juu akimtaja Tereus. Hivyo wimbo wa sauti mbili unakuwa ushahidi wa watu wawili, na wenye hatia wanatajwa kwa majina yao.

Si kila mahali ndege huyu alibeba mzigo huo. Katika Romeo and Juliet, Juliet anadai kwamba aimbaye juu ya mkomamanga ni naitingeli, ndege wa usiku, ili mpenziwe asiondoke. Aliyeimba ni kipozamataza, ndege wa alfajiri, na Juliet anapokubali hivyo analalamika kwamba wimbo wake umetoka nje ya ufunguo. Kwa Portia, katika tamthilia ambayo wasomaji wa Kiswahili wanaijua kwa tafsiri ya Mwalimu Nyerere, Mabepari wa Venisi (1969), naitingeli angeimba mchana, katikati ya kelele za mabata bukini, asingehesabiwa kuwa bora kuliko kindege chochote cha vichakani. Utamu wa sauti hutegemea saa na msikilizaji.

Baada ya Shakespeare, jeraha likaanza kusahaulika. Katika The Lover's Melancholy ya John Ford, iliyochapishwa mwaka 1629, inasimuliwa habari ya kijana anayepiga ala ya nyuzi iliyo ndugu wa udi. Hata jina lake la Kiingereza lilitokana na al-ud ya Kiarabu. Naitingeli anamjibu kila pigo, mpaka nyuzi nyingi zinapochanganya sauti ambazo koo moja haliwezi kuzifuata. Ndege anaanguka juu ya ala na kufa kwa huzuni. Kijana analia, na anataka kuipasua ala yake kwenye mti. Richard Crashaw alisimulia shindano hilo hilo katika shairi lililochapishwa mwaka 1646. Tereus hatajwi tena. Kilichobaki ni ustadi na gharama yake.

Mwaka 1798 Samuel Taylor Coleridge aliikana huzuni yenyewe. Alisema kwamba katika maumbile hamna kilicho na majonzi. Mtu fulani mwenye huzuni zake ndiye aliyeutia wimbo huo simanzi, na washairi wakamfuata bila ya kutoka nje kusikiliza. Akamwita ndege huyo mchangamfu na, kinyume na mazoea, akamtaja kwa kiwakilishi cha kiume. Kiswahili husema tu "anaimba", na kiambishi hicho humtosha dume na jike. Kiingereza humlazimisha mshairi kuchagua. Coleridge alikuwa na haki. Aimbaye hivyo usiku ni dume, akimwita mwenza. John Keats, mwaka 1819, alimfanya naitingeli kuwa sauti isiyokufa, iliyosikiwa na wafalme na mafakiri wa zamani.

Elimu ya viumbe ilipata, na ushairi nao ukapata sikio jipya. Hata hivyo, kosa lile la kale juu ya ndege lilikuwa limehifadhi ukweli juu ya watu: kwamba mdhulumu huogopa ulimi wa aliyemdhulumu, na kwamba aliyenyamazishwa hutafuta njia nyingine ya kusema, iwe kitambaa, iwe fimbo na mchanga, iwe wimbo. Naitingeli wa Coleridge anaimba furaha yake mwenyewe, na ni haki yake. Lucrece alihitaji ndege wa kumwitikia.