Sauti ya Jukwaani, Kimya cha Filamu

Filamu za Kinondoni na Temeke zitajwapo, aghalabu hutangulia jina la marehemu Steven Kanumba, aliyechipukia katika kundi la Kaole na kufariki mwaka 2012. Ipo njia kongwe zaidi, iliyoanzia chuoni, nayo ni ya Amandina Lihamba.

Huyu alifundisha sanaa za maonyesho pale Mlimani, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Mwaka 1980 ilichapishwa tamthilia yake *Hawala ya Fedha*, aliyoitohoa kutoka kisa cha Sembène Ousmane. (Nami mtafsiri naionea wivu kazi hiyo.) Sembène mwenyewe alikwishakigeuza kisa hicho filamu mwaka 1968. Yaani ukumbi na kamera vilikuwa majirani tangu hapo.

Mwaka 2001 ikatoka *Maangamizi*, filamu huru ya Martin Mhando na Ron Mulvihill, ambayo Tanzania iliipeleka kuwania Oscar. Humo Lihamba ni Samehe, mgonjwa wa hospitali ya akili aliyeacha kusema. Tazama ajabu hiyo, ndugu msomaji: mtu aliyezoea kuifikisha sauti benchi la nyuma kabisa anapewa kimya, na jina ambalo kwetu sisi watu wa mashairi ni kitenzi cha kuomba. Macho yake ndiyo yanayosema. Filamu zetu nyingi za mitaani zina waigizaji hodari, lakini maneno huwajaa vinywani tangu mwanzo hadi mwisho. Sijui nani atawaandikia nafasi ya kunyamaza.