Chesley Bonestell

Chesley Bonestell (1 Januari 1888 – 11 Juni 1986) alikuwa mchoraji wa Marekani, mzaliwa wa San Francisco, ambaye picha zake za sayari ziliipa bunilizi ya kisayansi sura mpya katikati ya karne ya 20. Alisomea usanifu majengo, kisha akachora mandhari za filamu Hollywood, zikiwemo za Citizen Kane (1941). Huko alijifunza jinsi kamera inavyoona, na ujuzi huo ndio uti wa mgongo wa kazi yake yote.

Mwaka 1944 jarida la Life lilichapisha michoro yake ya Zohali kama inavyoonekana kutoka kwenye miezi yake. Bonestell alikokotoa ukubwa wa sayari hiyo angani, mlalo wa pete zake na upande unaotoka mwanga wa Jua. Wasomaji wakahisi wanatazama mahali halisi. Kikafuata kitabu The Conquest of Space (1949), maandishi yakiwa ya Willy Ley, filamu ya Destination Moon (1950) na majalada ya majarida ya hadithi.

Milima yake ya Mwezi, yenye ncha kali, haikuwa sahihi. Mfaransa Lucien Rudaux alikuwa ameichora yenye migongo ya mviringo tangu miaka ya 1930, na safari za Apollo zikampa haki yake. Hata hivyo, vilele vya Bonestell, vizuri mno kuachwa, ndivyo vilivyotawala majalada na filamu hadi wanaanga walipotua mwaka 1969.