Kitabu cha Siri na Karatasi za Kasongo

Utangulizi

Mwanafunzi mmoja, mzaliwa wa Kabambare, alipata kuniuliza baada ya somo la historia ya maandishi ya Kiswahili: je, ni kweli kwamba upande wa kwao kumefichwa kitabu cha miaka elfu, chenye siri za nyota, za majina ya Mungu na za kuumbwa kwa ulimwengu? Makala haya yanakusudia kulijibu swali hilo. Hatulidharau, kwani nyuma yake liko jambo la kweli, twataka kulipima.

Kitabu chenyewe

Vitabu vya elimu hiyo vipo. Kinachojulikana sana katika Afrika ya Mashariki ni Shamsu 'l-Maarif al-Kubra, kinachonasibishwa na Ahmad al-Buni, mwanachuoni wa Afrika ya Kaskazini aliyefundisha Kairo katika karne ya 13. Humo mna elimu ya herufi, miraba ya tarakimu, majina ya Mwenyezi Mungu na manzili 28 za mwezi, mambo ambayo waandishi wa hirizi na makombe wameyachota kwa muda mrefu.

Hata hivyo, wataalamu waliolinganisha nakala zake wameonyesha kwamba kitabu alichokiandika al-Buni kwa jina hilo kilikuwa kifupi zaidi. Hiyo "Kubra" yaelekea ilikusanywa baadaye sana: nakala zinazojulikana ni za karne ya 17 na kuendelea, na katika silsila za walimu zilizomo wametajwa watu walioishi baada ya al-Buni kufariki. Kwa hiyo hata kitabu mashuhuri kuliko vyote kimevikwa ukale usiokuwa wake. Jina la zamani juu ya jalada si ushahidi wa umri.

Kipimo cha Maniema

Tukirudi kwetu, yapasa kuanza na tarehe. Wafanyabiashara wa pwani waliingia Maniema katika miaka ya 1860. Livingstone aliwakuta Kabambare mwaka 1869, na Tippu Tip alifanya makao yake Kasongo katikati ya miaka ya 1870. Hati ya Kiarabu au ya Kiswahili iliyoandikwa hapo haiwezi kutangulia sana miaka hiyo. Ikiwa ni kongwe zaidi, basi ilibebwa kutoka Ujiji au pwani, nayo yatupasa kuiuliza njia iliyopita na mikono iliyoishika.

Baada ya tarehe huja karatasi. Karatasi nyingi zilizotumiwa na Waislamu wa zama hizo zilitengenezwa Italia, na baadhi yake, zikiinuliwa kwenye mwanga, huonyesha alama ya miezi mitatu miandamo. Mtafuta siri angeweza kuidhania ishara ya falaki, kumbe ni chapa ya kiwanda.

Kisha huja lugha, na hapa ndipo mwanaisimu ana neno la kusema. Hati za Kiarabu hazina herufi zao za p, v, g wala ch. Makarani wengi wa karne ya 19 waliandika p kwa herufi ya b, na mara nyingi waliacha m au n iliyotangulia konsonanti. Hivyo maandishi yaleyale yaweza kusomwa "baba", "papa", "bamba" au "pamba", na ni muktadha tu unaoamua. Hati inayodai umri wa miaka elfu, na huku Kiswahili chake ni cha jana, imejishitaki yenyewe.

Hazina iliyosahauliwa

Tarehe 22 Aprili 1893 majeshi ya Dhanis yaliuteka mji wa Kasongo. Mwanzoni mwa 1894 ikafuata Kabambare. Vita hivyo vilivunja utawala wa Wangwana, na maandishi mengi ya zama zao yakaishia Ubelgiji. Mwaka 2020 Xavier Luffin alichapisha utafiti wake juu ya hati za Kiarabu na za Kiswahili za Kongo zilizomo katika hifadhi za huko, za miaka ya 1880 hadi 1899. Nyingi ni barua na mikataba, mambo ya watu waliokuwa wakifanya biashara, wakigombana na kupatana. Kwa mwanaisimu, barua kama hizo zina thamani kuliko jedwali lolote la nyota, kwa sababu zinatuonyesha Kiswahili kilivyoandikwa bara kabla ya shule za wamisionari kukiandika kwa herufi za Kilatini.

Hitimisho

Barua aliyoiandika Livingstone huko Bambarre, ndiyo Kabambare, Februari 1871, ilikuwa imefifia hata haisomeki. Mwaka 2010 wataalamu waliifufua kwa kuipiga picha chini ya mianga ya rangi mbalimbali. Karatasi ya mgeni imepata heshima hiyo. Za wenyeji, zile zilizosalia masandukuni, bado zaliwa na mchwa.

Jibu langu kwa mwanafunzi yule, basi, ni hili. Kitabu cha miaka elfu sikitarajii. Lakini hadithi yake ina madhara, kwa kuwa humfanya mwenye nyumba aifiche karatasi yenye mraba wa tarakimu akingojea mnunuzi, na aiache iharibike barua ya deni ya babu yake. Nenda ukawaamkie wazee. Usinunue wala usichukue kitu. Omba ruhusa, piga picha kila ukurasa, andika jina la aliyeandika na la aliyerithi. Siri tunayoihitaji ni hiyo.