Matini, Mnakili na Msomaji: Historia ya Kulisoma Agano Jipya kwa Kigiriki na Funzo Lake kwa Uhakiki wa Fasihi

1.0 Utangulizi

Uhakiki wa fasihi huanza kwa kuichukulia matini kuwa kitu kilichokwisha kupatikana. Mhakiki hufungua kitabu, akasoma, akafasiri. Ni nadra kuuliza kitabu hicho kilimfikiaje, ni mikono mingapi imekigusa njiani, na kama neno analolijengea hoja yake liliandikwa na mtunzi au lilitiwa na mnakili. Makala haya yanadai kwamba swali hilo si la wahifadhi wa maktaba peke yao, bali ni la kihakiki. Ili kulithibitisha dai hili, makala yanafuatilia historia ya usomaji wa Agano Jipya katika Kigiriki, lugha lilimoandikwa katika karne ya kwanza na mwanzoni mwa karne ya pili. Lengo si kutetea wala kupinga imani yoyote. Lengo ni kuonyesha jinsi kurejea kwenye lugha asilia kulivyobadilisha maana ya kusoma, na kisha kuuliza funzo hilo linawahusuje wasomi wa fasihi ya Kiswahili.

2.0 Kutoka Kilatini Kurudi kwenye Kigiriki

Kwa muda wa miaka elfu moja na zaidi, Ukristo wa Ulaya ya Magharibi uliyasoma Maandiko kwa Kilatini. Tafsiri iliyotawala, Vulgata, ilitokana kwa sehemu kubwa na kazi ambayo Jerome aliianza mwaka 382 kwa kuagizwa na Papa Damaso. Kadiri karne zilivyopita, ilisahaulika kwamba hiyo ilikuwa tafsiri. Sheria za kanisa, mahubiri na mijadala ya vyuo vikuu vilijengwa juu ya maneno yake ya Kilatini kana kwamba ndiyo yaliyotamkwa mwanzo.

Aliyeutikisa mtazamo huo ni mwanafilolojia wa Kiitalia, Lorenzo Valla, aliyefariki mwaka 1457. Valla aliilinganisha Vulgata na miswada ya Kigiriki, akaandika maelezo kuhusu mahali ambapo mfasiri aliteleza, ambapo wanakili waliharibu, na ambapo neno moja la Kigiriki lilitafsiriwa kwa maneno mbalimbali bila sababu. Mbinu yake ilikuwa ile ile aliyoitumia kwa waandishi wa kale wa Kirumi. Uthubutu wake ulikuwa hapo hapo: kuyatendea Maandiko matakatifu kama matini nyingine yoyote. Mwaka 1504 Erasmus wa Rotterdam aliyakuta maelezo hayo katika maktaba ya watawa karibu na Leuven, akayachapisha Paris mwaka uliofuata.

Mwaka 1516 Erasmus mwenyewe alitoa Agano Jipya la Kigiriki katika kiwanda cha Johann Froben mjini Basel. Wakati huo wasomi wa Alcalá nchini Hispania walikwisha kulipiga chapa la kwao tangu 1514, ila lilikuwa bado halijasambazwa. Toleo la Erasmus liliandamana na tafsiri yake mpya ya Kilatini, na ni tafsiri hiyo iliyozusha zogo. Vulgata ililitafsiri neno *metanoeite* kwa namna iliyoeleweka kuwa ni amri ya kutimiza kitubio, yaani tendo la kanisa lenye padri na masharti yake. Kwa Erasmus, kitenzi hicho kilihusu kugeuka kwa nia. Mwaka 1518 Martin Luther aliandika kwamba maana ya neno hilo la Kigiriki ilikuwa imemfungulia njia ya fikira zake kuhusu toba. Katika toleo la pili la mwaka 1519, Erasmus alilibadilisha pia neno lililosimama mahali pa *logos* mwanzoni mwa Injili ya Yohana: badala ya *verbum* akaweka *sermo*, lenye kudokeza usemi au mazungumzo kuliko neno moja pweke. Alishutumiwa vikali hata ikamlazimu kuandika utetezi mwaka 1520. Neno likibadilika, mamlaka iliyojengwa juu yake nayo hutikisika. Ndiyo maana Mtaguso wa Trento, mwaka 1546, uliitangaza Vulgata kuwa toleo lenye kutegemewa katika mafundisho.

3.0 Asilia Isiyo Asilia

Hata hivyo, itakuwa kosa kuisimulia historia hii kama ushindi wa asilia dhidi ya tafsiri. Matini ya Erasmus ilikuwa na dosari zake. Aliitegemea miswada michache, mingi ikiwa ya karne ya 12 hivi. Kwa Kitabu cha Ufunuo alikuwa na mswada mmoja tu, nao ulikosa ukurasa wa mwisho. Ili kuliziba pengo hilo, alizitafsiri aya sita za mwisho kutoka Kilatini kwenda Kigiriki. Matokeo yake ni funzo zuri kwa mhakiki. Katika Ufunuo 22:19 miswada ya Kigiriki inataja mti wa uzima. Ndani ya mapokeo ya Kilatini, *ligno*, yaani mti, lilikuwa limegeuka *libro*, yaani kitabu. Erasmus alilifuata kosa hilo, akaandika kwa Kigiriki neno lenye maana ya kitabu. Kwa njia hiyo kosa la mnakili wa Kilatini likavikwa kanzu ya Kigiriki, likaheshimiwa kuwa asilia, na kuingia hata katika tafsiri ya Kiingereza ya mwaka 1611.

Mfano wa pili ni maneno ya Waraka wa Kwanza wa Yohana, 5:7-8, yanayotaja mashahidi watatu wa mbinguni. Erasmus hakuyaweka katika matoleo ya 1516 na 1519 kwa sababu hakuyaona katika mswada wowote wa Kigiriki alioutumia. Wapinzani walimlaumu kwa kuuhujumu Utatu. Ulipojitokeza mswada wa Kigiriki wenye maneno hayo, ambao sasa umehifadhiwa Dublin, aliyaingiza katika toleo la 1522, ijapokuwa aliushuku mswada wenyewe. Masimulizi maarufu kwamba alikuwa ameahidi kufanya hivyo iwapo mswada mmoja tu ungepatikana yalichunguzwa na H. J. de Jonge mwaka 1980 na kuonekana hayana msingi katika maandishi ya Erasmus. Hata historia ya uhakiki, basi, ina haja ya kuhakikiwa.

Matini iliyotokana na kazi ya Erasmus ilitawala kwa karne tatu. Wachapishaji wa Leiden, jamaa ya Elzevir, waliinadi mwaka 1633 kuwa matini iliyopokewa na wote, na jina hilo likashika. Lakini mwaka 1707 John Mill alichapisha toleo lililoorodhesha tofauti za usomaji zipatazo 30,000. Wengi walishtuka. Johann Albrecht Bengel, katika toleo lake la 1734, aliugeuza mshtuko huo kuwa mbinu: usomaji mgumu una haki ya kupendelewa kuliko ule mwepesi, kwa kuwa mnakili huelekea kurahisisha kuliko kutatiza. Mwaka 1831 Karl Lachmann aliiacha kabisa matini iliyopokewa, na mwaka 1881 Westcott na Hort wakatoa toleo lililotegemea zaidi miswada miwili ya karne ya 4, Vaticanus na Sinaiticus. Miswada hiyo haina aya 12 za mwisho za Injili ya Marko, wala kisa cha mwanamke aliyefumaniwa katika Injili ya Yohana. Leo inajulikana zaidi ya miswada 5,000 ya Kigiriki ya Agano Jipya, na hakuna hata mmoja ulioandikwa kwa mkono wa mtunzi.

4.0 Hadhi ya Lugha ya Sokoni

Swali la pili lilihusu lugha yenyewe. Wasomi waliolelewa kwa Plato na Demosthenes waliona Kigiriki cha Agano Jipya ni duni. Wengine, kwa kutaka kukitetea, walidai ni lugha ya pekee iliyoundwa kwa ajili ya ufunuo. Pande zote mbili zilikosea, na ushahidi ulifukuliwa katika majalala ya Misri. Kuanzia majira ya baridi ya 1896-97, Grenfell na Hunt walichimba Oxyrhynchus, wakapata mafunjo kwa maelfu: barua, mikataba, hesabu na malalamiko ya watu wa kawaida. Adolf Deissmann, katika kazi zake za 1895 na 1908, alionyesha kwamba msamiati wa Agano Jipya ulikuwa kwa sehemu kubwa ule wa barua na hati hizo. Kilikuwa Kigiriki cha Koine, lugha ya mawasiliano mapana iliyoenea baada ya Aleksanda.

Kitenzi *apecho* kinatosha kuwa mfano. Katika sura ya sita ya Mathayo kinatumiwa kuhusu wanaotoa sadaka na kusali ili waonekane. Katika mafunjo ndicho kitenzi cha stakabadhi: aliyelipwa hukiandika kukiri kwamba amepokea chote. Kejeli ya Injili inadhihirika: wanafiki hao wamekwisha kutia sahihi, hawana wanachodai tena. Bila risiti za wafanyabiashara, kejeli hiyo hufifia.

Mafunjo hayakujibu kila kitu. Neno *epiousios*, linaloueleza mkate katika Sala ya Bwana, lilidhaniwa kuonekana katika orodha moja ya matumizi ya nyumbani, lakini hati hiyo ilipokaguliwa upya mwishoni mwa miaka ya 1990 ilibainika kuwa ilisomwa vibaya. Wafasiri wa Kiswahili waliochagua *riziki* walitoa fasiri yenye mvuto wake, iliyobeba fikira ya fungu analojaliwa kila kiumbe. Lakini ni fasiri, si kisawe.

Mtindo nao unadai kusomwa upya. Marko huunganisha sentensi kwa *kai* mfululizo, jambo lililohesabiwa kuwa udhaifu. Msomaji wa Kiswahili ana sababu ya kusita kabla ya kukubali hukumu hiyo. Kiambishi *-ka-* hufanya kazi iyo hiyo ya kusukuma masimulizi mbele, tukio juu ya tukio, na hakuna anayekiita kasoro katika ngano zetu.

5.0 Hitimisho

Historia hii inagusa fasihi ya Kiswahili moja kwa moja. Utendi wa Mwana Kupona wa mwaka 1858 na Al-Inkishafi ya Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir zilitufikia kupitia miswada ya hati za Kiarabu, kisha kupitia wahariri. Hati hizo, zikiandikwa bila irabu zote kuonyeshwa, humwachia msomaji kazi ya kuamua. Hichens alipoihariri Al-Inkishafi mwaka 1939 alikuwa akiamua, kama Erasmus alivyoamua. Mwanafunzi anayejenga hoja juu ya vina vya ubeti mmoja kutoka toleo lililochapwa hana budi kuuliza vina hivyo ni vya mtunzi, vya mnakili au vya mhariri.

Kuirudia lugha na miswada ya mwanzo hakumpi mhakiki matini safi isiyo na doa. Kunampa kitu chenye manufaa zaidi: kumjua kila aliyeigusa matini kabla yake, na kuuona mkono wake mwenyewe ukiwa miongoni mwa mikono hiyo.